Maji ya Luengera Yalinitangulia

Mama,

Shikamoo. Nimeiandika hiyo shikamoo halafu nikakaa kidogo, kama vile naisubiri marahaba yako, ile ya kuivuta mwishoni. Haikuja. Basi naendelea.

Somo yako amelala. Nimemlaza kwenye mkeka karibu na mlango maana ndani kuna joto, na mimi nimekaa kizingitini, daftari magotini. Ni mchana, baba yake yuko shambani kwenye mkonge, harudi mpaka alasiri. Unanijua mimi na kuandika. Barua ya mwisho niliandika darasa la saba, tuliambiwa kila mtu amwandikie mjomba wake kumwomba viatu, na mjomba mwenyewe sina. Lakini haya niliyo nayo nikitaka kuyasema kwa mdomo sauti inakatika. Mkono angalau unaweza kusimama, ukapumzika, ukaanza tena.

Nikupe kwanza habari za mtoto, maana ndizo ungeziuliza mwanzo. Ametoa meno mawili ya chini. Anatambaa kinyumenyume, akitaka kitu kilicho mbele anajikuta amekwenda nyuma, halafu analia kama tumemfanyia sisi. Kwa kuwa tumempa jina lako, Mwanaidi, hapa kambini wote wanamwita Bibi. Baba yake akirudi kazini, mikono imechanika na miiba ya mkonge, anasimama mlangoni anapiga hodi: "Shikamoo Bibi, umeshindaje?" Mtoto anacheka mpaka anakwama pumzi. Mimi nacheka nao. Halafu naingia jikoni, nasimama tu mbele ya sufuria, sijui nimefuata nini.

Nyumba yako imefungwa. Jirani yako Bi Mwanjaa anafagia uwanja kila Ijumaa, amekataa kuacha, anasema nyumba isiyofagiwa hushindwa kusimama. Ile minazi mitatu ya chini karibu na maji imekwisha. Vichwa vimeanguka, vimebaki vigogo. Chumvi inapanda, Mama, mwaka huu imefika mpaka kwenye kisima cha msikiti. Ulikuwa ukisema bahari haina nguvu mpya, ila mto ndio umechoka kuisukuma, umenywewa mno njiani. Sikuelewa. Sasa naishi huku juu, naona pampu za mashamba ya mpunga zinavyonguruma kutwa, naelewa.

Wewe ndiye uliyenifundisha mto. Babu alikuwa kibarua wa reli, anakaza mataruma na kung'oa majani, na reli ya kwenda Moshi inaufuata mto kama mtu anayemfuata mwenzake asipotee. Ukawa unahama naye kambi kwa kambi, kila mara mnateremka. Ulizaliwa Buiko, ukaota meno Mombo, ukavunja ungo Korogwe, ukaolewa Pangani. Ulipenda kusema umeshuka na mto huu kama gogo, mpaka bahari ikakuzuia.

Unakumbuka siku niliyorudi shule nalia? Mwalimu alituambia tuchore mto Pangani, toka unapoanza mpaka unapoishia. Mimi nikauanzisha kwetu. Nikachora bahari, nikachora mto unatoka baharini, unapanda, unapanda, unazidi kuwa mwembamba, unakwenda kufia kwenye mlima wenye theluji. Darasa zima lilicheka. Mwalimu akaniuliza, "Halima, maji yanapanda mlima?" Nikamjibu yanapanda, mbona kila siku nayaona? Na kweli nilikuwa nayaona. Maji ya bahari yakijaa asubuhi, makumbi ya nazi na majani yote mtoni kwetu huelea kuelekea juu. Mtoto aliyezaliwa pale atajuaje?

Wewe hukucheka. Ulikuwa barazani unasokota kamba kama kawaida yako, usumba wa makumbi umejaa mapajani. Ukaniambia kaa. Ukasokota uzi mmoja, ukaniwekea kidoleni: huu Kikuletwa, katoka Meru. Ukasokota wa pili: huu Ruvu, katoka Kilimanjaro, na maji mengine kayabeba Ziwa Jipe, kule kwa Wapare. Ukazikutanisha, ukapiga fundo nene. "Hapa ni Nyumba ya Mungu, bwawa. Mto unalala hapa, unaacha tope lake, unatoka umeoshwa." Halafu ukaichambua kamba, nyuzi zikatawanyika kama nywele zisizochanwa, nikadhani umeharibu. Ukasema ni vinamasi vya Kirua, mto unaingia kwenye matete unapotea, mtu asiyejua atasema umekufa. Ukazikusanya tena nyuzi, ukaendelea. Mbele ukaingiza uzi mwingine kutoka kushoto, umeupaka majivu ya jiko. Huo Mkomazi, analeta maji ya Upare na ya Usambara ya upande wa Mombo. Kamba ikanenepa. Chini ya Korogwe ukaingiza uzi wa mwisho, mfupi, ukauchovya kwanza kwenye udongo mwekundu.

"Na huyu Luengera," ukasema. "Mtoto wa milima ya Usambara. Njia yake fupi, lakini ana hasira. Mvua ikinyesha kwake, sisi huku jua linawaka, anakuja hivyohivyo."

Ukaipitisha kamba kwenye ukingo wa baraza, ikaning'inia. Hapo ni Hale, mto unaanguka, watu wanapata umeme. Kisha ukailaza sakafuni polepole, kwa mizunguko, mpaka kwenye mguu wangu. "Na hapa mwisho ni wewe umekaa unalia."

Ile kamba niliipeleka shule. Mwalimu aliitundika ukutani, ikakaa mpaka panya walipoikata.

Tangu siku ile ndipo nikajua unachokifanya kila asubuhi ukiteremka kuyatazama makumbi yako uliyoyafukia matopeni yalainike. Ulikuwa unasimama, unayatazama maji, unasema kidogo tu, kama mtu anayejibu salamu: "Leo Mkomazi." Au, "Huko juu kumetulia." Zamani ulikuwa ukiyasema mbele ya wanawake wenzio wakakuambia umechanganyikiwa, maji ni maji. Ukawa huwaambii tena. Ulikuwa unaniambia mimi peke yangu. Mimi na wewe tulikuwa na hilo.

Halafu nikaolewa huku, Mama. Nikakuacha.

Siku ya kufunga mizigo ulinitania, "Mwenzio nimeuteremka mto maisha yangu yote, wewe unarudi kuupanda?" Mdomo ulicheka, macho hayakucheka. Nikakujibu kwa utani vilevile: nikikosa cha kukutumia, nitakutumia maji. Ukanipiga kibao cha bega. Ukasema, "Basi uyatume masafi."

Nilikuahidi kumleta mtoto akishatimiza arobaini. Ilipofika, alikuwa na homa. Ikaja Ramadhani, ukasema mwenyewe tusisafiri na mtoto mchanga kwenye saumu. Ikaja Idi, baba yake akakosa ruhusa. Kila mara kulikuwa na sababu na kila sababu ilikuwa ya kweli, ndiyo maana inaniuma. Ningekuwa nilidanganya ningejilaumu kwa uongo. Sasa nijilaumu kwa nini?

Simu yetu ya mwisho unaikumbuka? Nilisikia kifua chako kinavyokoroma. Ukasema si kitu, ni vumbi la usumba. Nikakuambia nitakuja mvua ikipungua, barabara huku zimeharibika. Ukasema, "Mvua ya wapi? Huku jua linatoboa vichwa." Ukakohoa. Kisha ukasema, "Haya mwanangu. Mvua ikiisha, uje." Simu ikakatika.

Miezi yote hii nimekuwa naisikia hiyo "haya". Ilikuwa haya ya kuelewa, au haya ya mtu aliyechoka kuahidiwa?

Jumatatu asubuhi Shangazi akapiga. Alisema maneno machache: mama yako amezidiwa, njoo. Sikungoja hata uji uive. Nilimfunga mtoto mgongoni, baba yake akaomba ruhusa kwa msimamizi, bodaboda ikatuchukua. Huku kwetu kambi iko ng'ambo ya Luengera, kufika Korogwe lazima uuvuke. Kuna daraja dogo la magogo. Tulipofika hatukuliona. Tuliona mtu amesimama anaonyesha kwa kidole mahali lilipo, chini ya maji.

Sijapata kuuona vile. Mto ambao kiangazi tunafulia, watoto wanauvuka wakishindana kuruka mawe. Ulikuwa mpana kama uwanja wa mpira, mwekundu, unapita na migomba mizima imesimama wima, na mikungu yake. Ulikuwa hauna kelele kubwa. Ulikuwa unanguruma chini kwa chini kama mtu anayesaga.

Nikaingia. Sikufikiri. Maji yalinifika magotini, nikahisi mchanga unaondoka chini ya nyayo, na mtoto mgongoni anacheka kwa sababu ya baridi ya matone. Baba yake alinikamata nywele, Mama, hakupata pengine pa kushika. Akanivuta nje.

Tukataka kuzunguka kwa juu. Waliotoka juu wakasema msijisumbue, vijito vyote vinavyoteremka Usambara vimejaa, hata kama mtapita hiki kile kitawazuia. Tukakaa kwa mama mmoja mwenye kibanda cha kuuza ndizi pale upande wetu. Jumanne nikaamkia ukingoni. Daraja lilikuwa limekwenda. Nilimpigia Shangazi nikamwambia nimezuiwa na mafuriko. Akajibu, "Mafuriko," hivyo tu, akakata.

Nilikaa pale kutwa nikiyatazama yale maji. Na unajua nilichokuwa nafikiri? Nilikuwa naisokota ile kamba yako kichwani. Haya yanatoka hapa, yanaingia mto mkubwa chini ya Korogwe, yanapita Hale, yanaanguka, yanalala kwenye mizunguko, yanafika kwetu chini ya uwanja wako. Yatafika kabla yangu. Maji yanayonizuia nisikuone yanakuja kwako, na mimi nimekaa. Niliyatukana. Nisamehe, yalinitoka matusi ambayo hujawahi kuyasikia kinywani mwangu, mpaka yule mama wa ndizi akamchukua mtoto akaingia naye ndani asiyasikie.

Jumatano baada ya alfajiri Shangazi akapiga tena. Hakusema mafuriko.

Walikuzika adhuhuri. Saa ile mimi nilikuwa nimekaa kwenye gogo, uso nimeuelekeza upande mto unakokwenda, nakuombea. Nilisikia adhana ya ng'ambo. Nikasema moyoni, sasa wanakuinua.

Alhamisi maji yalishuka. Wanaume walifunga kamba ya mkonge mti wa huku na mti wa huko, tukavuka tumeishikilia, maji kiunoni, mtoto kwenye beseni baba yake amemweka kichwani. Ijumaa ndipo nikafika nyumbani, nimeshuka basi Muheza, nimepata gari la Pangani, nguo zangu zote zina tope jekundu mpaka kifuani.

Ilikuwa siku ya kuanua matanga. Wanawake walikuwa wanakunja mikeka. Jua lilikuwa linawaka, vumbi linapeperuka uwanjani, hakuna hata dalili ya wingu. Nikawaambia ni mvua, mto ulijaa. Wakatazamana.

Shangazi akaacha mkeka aliokuwa anaukunja. "Mvua gani hiyo, Halima, inayokunyeshea wewe peke yako? Sisi hapa tumezika jua liko utosini, mchanga wa kaburi unaturukia machoni."

Mwingine, sikumwona ni nani, akasema kwa chini, "Ameshakuwa wa bara huyo."

Kwao mvua ni ile inayowadondokea. Tope lilikuwa hili hapa, kwenye gauni langu, lakini walilitazama wakaona uchafu tu. Na nikajisemea, kama wao wanafikiri hivi, na yeye alikufa anafikiri hivi. Alikuwa amelala anatazama nje, anaona jua, anasema mwanangu kanidanganya.

Hilo ndilo lililonikaa. Kufiwa ni kufiwa, nitazoea kama watu wote. Lakini kufikiri kwamba mlango ulikuwa wazi, unautazama, huku unahesabu uongo wangu. Nilirudi huku nikawa sichoti maji Luengera. Baba Mwanaidi alikuwa anachota mwenyewe kabla ya kwenda kazini, wenzake wanamcheka. Nilikuwa nikimnyonyesha mtoto maziwa yanagoma. Sijui ungeniambia nini.

Basi ikapita miezi. Juzi kati Bi Mwanjaa akapiga simu. Kwanza alinitukana kidogo kwa kutompigia, unamjua. Halafu akasema, "Makumbi ya mama yako yameiva. Shimo liko chini ya ule mkoko uliopinda, vigingi vyake tulivipigilia mimi na yeye kabla ya Ramadhani. Alisema ni ya kamba ya kitanda cha mjukuu. Yakikaa zaidi yataoza. Njoo tuyatoe."

Sikujua habari ya hilo shimo. Hukuniambia. Ulikuwa unamtengenezea kitanda.

Nikaja na mtoto. Bi Mwanjaa akamwachia binti yake, tukateremka maji yalipokupwa, tope mpaka mapajani. Nilikuwa nimeisahau ile harufu. Bi Mwanjaa akasema, "Harufu hii ikikushika, mumeo atalala uwanjani wiki nzima," nikacheka, mara ya kwanza kucheka kwenye uwanja wako tangu uondoke. Tulikuwa tunang'oa vigingi, tunafukua, tunayatoa makumbi moja moja, meusi, yamelainika kama nyama iliyopikwa, tunayasuuza mtoni. Mengine ulikuwa umeyafunga mafungu kwa fundo lako lile la kuzungusha mara mbili. Kila nikilifungua moja nilikuwa nafungua kidole chako.

Nikainama kusuuza, nikayatazama maji, na mdomo ukasema wenyewe, "Leo Mkomazi."

Bi Mwanjaa akainuka. "Umesema nini?"

Nikamwambia si kitu, maji yana rangi ya majivu, basi ni ya Mkomazi, huko Mombo na Upare kumenyesha.

Akayachota maji kiganjani. "Kwa hiyo rangi ya maji ina maana?"

"Mama alikuwa anaisoma hivyo. Kila mto na rangi yake."

Akakaa, Mama. Akakaa palepale kwenye tope, mtu mzima, kanga yake mpya. Akasema, "Astaghfirullah. Na mekundu?"

Nikamwambia mekundu ni Luengera.

Ndipo akanieleza. Alisema tangu Jumatatu ulikuwa hutaki ugeuzwe, unautazama mlango. Kila anayeingia unanyanyua kichwa, ukiona siyo, unakirudisha. Jumanne baada ya alasiri ukamwita, ukamuuliza, Mwanjaa, maji yana rangi gani? Akakujibu yana rangi ya maji, pumzika. Ukauliza tena. Mara ya tatu ukakasirika, ukataka kuinuka uende mwenyewe, akaogopa, akatoka. Akatazama toka ukingoni, akarudi akakuambia ni mekundu, kama mtu kaoshea matofali humo.

Ukasema, "Luengera huyo."

Ukafumba macho kidogo. Halafu ukasema, "Basi, msimngoje. Asivuke. Mwambieni asivuke."

Bi Mwanjaa anasema hakujua Luengera ni nini. Alidhani ni jina la mtu, labda wa utotoni kwenu Korogwe, kakujia machoni. Na asivuke nani, na avuke wapi, wakati pantoni ya Bweni ilikuwa inafanya kazi na bahari imetulia? Akamwita Shangazi, wakakubaliana kwamba homa imepanda, mgonjwa anaweweseka. Wakakusomea Yasini. Hawakunipigia kuniambia, maana maneno ya homa hayapelekwi kwa mtu aliye mbali, yanamtia hofu bure.

"Lakini jambo moja lilinishangaza," Bi Mwanjaa akasema. "Baada ya hapo hakuutazama mlango tena. Aligeuka ubavu mwenyewe, akalala, uso umetulia kabisa. Mimi nikadhani ni nafuu."

Mama.

Nimeandika Mama halafu nimeenda kumtazama mtoto, hana hata alichofanya, amelala tu. Nimerudi.

Kwa hiyo ulijua. Mimi nimekaa kwenye gogo nayatukana maji, na maji yenyewe ndiyo yaliyokwenda kukueleza. Wote pale walikuwa na jua utosini, wewe peke yako ulikuwa na mvua yangu. Ulijua nimefika mtoni. Ulijua nimetaka kuvuka, maana unanijua, ndiyo maana ukasema asivuke. Nilipokuwa nimekaa na kamba kichwani nahesabu wapi yamefika, na wewe ulikuwa umeishika upande wa pili.

Nilikuahidi nikikosa kingine nitakutumia maji. Uliniambia niyatume masafi. Yalikuja machafu, nisamehe, ndiyo niliyokuwa nayo.

Nililia pale matopeni mpaka maji yakaanza kurudi kujaa. Bi Mwanjaa hakunikataza. Alikuwa anaendelea kusuuza makumbi, na yeye analia, anayapiga kwenye maji kwa nguvu kuliko inavyohitajika. Alikuwa anasema, "Na mimi nimemjibu yana rangi ya maji. Mgonjwa wa watu. Yana rangi ya maji."

Jioni ile alikwenda kwa Shangazi. Sijui alimwambiaje. Shangazi alikuja na sahani ya bokoboko, akaiweka, hakuomba radhi wala sikutaka aombe. Alimchukua mtoto, akamkalisha mapajani, akamkagua meno. "Bibi mkubwa hivi," akasema, "mnamficha huko milimani." Alipoondoka alisimama kwanza ukingoni mwa uwanja, akawa anayatazama maji. Sijawahi kumwona akiyatazama maji.

Sitakudanganya kwamba yote yamekwisha. Hukumshika mtoto. Hilo halina rangi, halina kijito kinacholileta wala kinacholiondoa. Nikiamka asubuhi liko pale. Na kwetu chumvi inazidi, na Bi Mwanjaa anasema akifa yeye hakuna atakayefukia makumbi tena, mabinti wanasema yananuka. Labda huko mbele hapatakuwa na mto wa kuusoma, patakuwa na mkono wa bahari tu. Sijui. Lakini maziwa yamerudi, na ile "haya" yako ya kwenye simu siisikii tena kama zamani. Naona ulikuwa umeelewa. Ulikuwa unangoja tu kuona rangi.

Sasa nachota Luengera mwenyewe. Siku ya kwanza baba Mwanaidi alinikuta na ndoo kichwani, akashuka kwenye baiskeli akatembea nami hadi nyumbani, anapiga mluzi.

Usumba wako nimekuja nao kwenye kiroba. Nilikaa siku nne kwako nikiyapiga makumbi kwa rungu lako, Bi Mwanjaa ananisahihisha, mikono imenitoka malengelenge. Nimeshasokota pima tatu. Si nzuri kama zako, ina vinundu, lakini inavuta. Baba yake amechonga matendegu. Kitanda chenyewe kitakuwa kidogo, atakilalia mwaka, miaka miwili, hakitamtosha. Ikifika hapo nitaifumua kamba, nitamkalisha, nitamfungia fundo la Nyumba ya Mungu, nitamwingizia Mkomazi wa majivu na Luengera wa udongo mwekundu, nitaishusha kizingitini hapa kuwe Hale, niilaze chini mpaka kwenye mguu wake. Nitamwambia mwisho wa kamba kuna nyumba iliyofungwa na uwanja unaofagiwa, na juu yake kwenye minazi iliyobaki umelala wewe, unaitwa kama yeye.

Ameanza kujinyoosha, ataamka sasa hivi. Ngoja nimalize.

Lala salama, mamangu. Mwenyezi Mungu akupe nafasi ndani humo, akupe na nuru. Milimani kumeanza kuwa na mawingu, vuli inakuja. Mto ukigeuka mwekundu huko chini, ujue ni kwetu, na ujue sijavuka, nimekaa na mtoto mahali pakavu.

Na nakuahidi hili. Siku yoyote mtu aliyelala akiniuliza maji yana rangi gani, awe nani, awe na homa ya namna gani, sitamwambia apumzike. Nitatoka nje, nitateremka mpaka ukingoni, nitayatazama vizuri, halafu nitarudi nimwambie.

Mwanao,
Halima